Kijiji cha waelfi na tambiko la baraka: ukichore, ukijenge kwa bloku, au ukisimulie mezani?

"Yaya, nianzie wapi?" Swali hili huulizwa sana na vijana wa hapa Lubumbashi wanaopenda ulimwengu wa waelfi, wale watu wa masikio marefu wanaoishi msituni na kuchelewa kuzeeka. Kijiji wanacho kichwani tayari, pamoja na nyumba zake, miti yake na mzee anayebariki. Kinachowashinda ni kuchagua chombo. Mmoja ana penseli na karatasi, mwingine ana kompyuta ya zamani, wa tatu amesikia kuna mchezo wa dadu unaochezwa kwa kusimulia. Wengi hujaribu vyote kwa wakati mmoja, na hakuna kinachofika mwisho.

Nitaviweka vitatu hivi kando kwa kando. Ili niwe wa haki, nitavipa vyote kazi moja.

Kazi yenyewe

Tuache ile minara myeupe kando ya maporomoko ya maji. Imechorwa vya kutosha. Tuchukue miombo ya kwetu, wakati wa joto kabla ya mvua ya kwanza, majani mapya yanapotoka mekundu na ya rangi ya shaba. Katikati ya miti kuna vichuguu, vile vikubwa vinavyopita paa la nyumba, ambavyo mtu yeyote aliyetoka nje ya mji kidogo amevizoea. Waelfi wetu wanaishi ndani yake. Jioni moja msichana anaondoka kwa safari ndefu. Wenzake wanasimama duara wakiwa na taa, na mama mzee anampaka udongo mweupe kwenye paji la uso.

Udongo huo nimeukopa kwetu. Kwa Waluba, mpemba, yaani udongo huo mweupe, ni rangi ya usafi na ya mwanzo mpya, tena inagusa upande wa wale waliotutangulia. Kabla ya kukopa zaidi ya hapo, uliza wazee wa nyumbani. Kuna mambo watakuambia uyachore, na kuna mengine watakuambia uyaache.

Vigezo

Cha kwanza ni mahali anaposimama mgeni, yaani yule anayetazama au anayecheza. Ninakiweka mbele kwa sababu ya habari ya zamani sana. Waelfi walitoka kaskazini mwa Ulaya, na huko watu waliwafanyia tambiko nyumbani mwao. Mwanzoni mwa karne ya 11, mshairi wa mfalme wa Norway alisafiri hadi Uswidi, akabisha hodi akitafuta pa kulala, akafukuzwa mlangoni: ndani walikuwa katika tambiko la waelfi na mgeni hakutakiwa. Kwa hiyo tambiko la namna hii lina mlango, na mlango huo unaweza kufungwa. Kila chombo kinautendea kwa namna yake.

Cha pili, baraka inafanya nini? Inaonekana tu, au inabadilisha kitu? Cha tatu ni vifaa na umeme, maana hapa kwetu mtu hapangi kazi ya jioni bila kufikiria umeme. Cha nne ni kazi, muda na watu unaowahitaji.

Kuchora

*Mgeni.* Anayetazama mchoro amesimama nje, wala hawezi kusogea hatua moja. Wewe ndiye umemweka hapo. Hiyo ni nguvu kubwa, na wachoraji wengi wanaoanza huipoteza kwa kuchora tambiko kama picha ya harusi, wote wakiwa wamegeukia kamera. Jaribu kumweka mtazamaji nyuma ya migongo ya wanaoshika taa, akichungulia kati ya bega na bega. Papo hapo anajisikia kuwa hakualikwa. Au mshushe hadi usawa wa macho ya msichana, aone mkono wa mzee ukimjia.

*Baraka.* Mchoro una nukta moja tu ya wakati, kwa hiyo chagua ipi. Mimi ningechagua kabla kidole hakijagusa paji la uso. Jicho la mtazamaji litaimalizia safari ile lenyewe, na kwa sababu hiyo litakaa pale muda mrefu zaidi.

Halafu kuna mwanga. Kosa ninaloliona kila mara ni mng'ao kila mahali: taa zinang'aa, macho yanang'aa, majani yanang'aa, na hewani kuna vumbi la dhahabu. Kila kitu kikiwaka, hakuna kinachoonekana. Amua kwamba udongo wa mpemba ndio utakaokuwa mweupe kabisa katika mchoro mzima, na taa zibaki za rangi ya asali. Kisha rudi nyuma, kunja macho hadi mchoro uwe na ukungu. Jicho lisipokwenda kwenye paji la uso la msichana, punguza mwanga kwingine kabla hujaongeza pale.

Kwa mtindo, huna haja ya kuiga ile rangi laini ya michezo ya kompyuta. Mji huu una shule yake. Mwaka 1946 Pierre Romain-Desfossés alianzisha hapa karakana ya uchoraji iliyoitwa Le Hangar, na waliotoka humo kila mmoja alikuwa na mkono wake. Pili Pili Mulongoy alijaza mandhari ya ndege na samaki kwa nukta na alama ndogondogo. Mwenze Kibwanga alijenga miili kwa mistari midogo iliyolala pamoja. Bela alipaka rangi kwa ncha za vidole. Majani ya miombo kwa nukta za vidole: fikiria hilo kabla hujafungua video ya kufundisha kuchora majani. Na akija mtu kukuambia viumbe wa ajabu si sanaa ya kwetu, mkumbushe mamba muntu, yule mwanamke mwenye mkia wa samaki, aliyetundikwa katika sebule za Lubumbashi miaka na miaka.

*Vifaa na umeme.* Penseli, karatasi nzito kidogo, na kipande cha makaa kutoka kwenye mbabula (jiko la makaa) kwa giza la nyuma. Ukiweza kupata gwashi, rangi ya maji iliyo nzito na inayofunika, afadhali hiyo kuliko rangi ya maji ya kawaida kwa tukio hili: gwashi hukuruhusu kuweka rangi ya mwanga juu ya rangi ya giza, yaani uanze na usiku kisha uwashe taa. Kwa rangi ya maji lazima uhifadhi weupe wa karatasi tangu mwanzo, na anayeanza huwa ameshaufunika kabla hajakumbuka. Wachoraji wetu wa mitaani walitumia hata kitambaa cha magunia ya unga, na kinakubali akriliki vizuri kikipakwa rangi nyeupe ya msingi kwanza. Umeme hauhitajiki, ila mwanga wa mchana.

Kuchora kwenye simu nako ni humu humu. Programu kama ibisPaint zinakupa tabaka: usiku chini, watu katikati, taa juu peke yake, ili uweze kuziongeza au kuzipunguza bila kuharibu kitu. Unapata pia ruhusa ya kufuta bila mwisho, na ruhusa hiyo ndiyo inayowafanya wengine wasimalize kamwe.

*Kazi.* Ni ya mtu mmoja. Ugumu uko kwenye mikono, na tambiko hili ni mikono tu: wa mzee, wa msichana, ya wanaoshika taa. Asiyependa kurudia mkono huohuo mara nyingi atachoka mapema.

Kujenga kwa bloku

Ninazungumzia Luanti, programu ya michezo ya kujenga kwa bloku, iliyojulikana kama Minetest hadi Oktoba 2024. Ni ya bure, inakubali kompyuta za zamani na simu za Android, na ukishapakua unachohitaji inafanya kazi bila intaneti. Yanayofuata yanafaa pia kwa Minecraft kwa sehemu kubwa.

*Mgeni.* Humu anaingia. Anazunguka nyuma ya mzee, anapanda juu ya kichuguu, anaruka katikati ya duara kama mtoto aliyeingia sebuleni wakati wa kilio. Huwezi kumshika kichwa atazame unapotaka. Kinachobaki ni kumwongoza kwa ujenzi. Njia iwe nyembamba na ipinde, asione uwanja mpaka amefika. Mlango wa mwisho uwe chini. Uwanja wenyewe ushuke bloku mbili au tatu, ili aingie kwa kuteremka. Na kama unataka ule mlango wa Uswidi, jenga kweli mlango unaofungwa usiku.

Mwanga hapa ni hesabu. Taa kali kabisa ina ngazi 14, na kila bloku mwanga unapopita unapoteza ngazi moja. Ukijua hilo, unaweza kukata giza unavyotaka: taa dhaifu za duara zikae mbalimbali kiasi cha kuacha weusi kati yake, na taa moja kali ifichwe chini ya sakafu ya kioo pale anaposimama msichana. Wanaoweka mienge kila ukuta hupata kijiji kinachofanana na duka la vifaa vya umeme.

Kuhusu vichuguu: usivijenge vidogo. Bloku moja ni mita moja, na umbo la mviringo katika ukubwa mdogo hugeuka ngazi. Anzia urefu wa bloku 15 hivi, hapo mteremko unaanza kuaminika na chumba kinatosha ndani.

*Baraka.* Bila kuandika msimbo, hakuna baraka. Kuna uwanja mzuri tu. Lakini Luanti inapokea maandishi ya Lua, lugha ya kuandikia programu, na kwa mistari michache unaweza kubadilisha kasi ya mchezaji, urefu wa kuruka kwake, hata mvutano wa ardhi unaomshika. Msichana akipakwa udongo, atembee haraka kidogo hadi jua litakapochomoza.

Hatari ni baraka kuwa swichi. Katika Skyrim, mchezo wa kompyuta, unagusa madhabahu, unapata faida ya muda, unaendelea na safari, hakuna aliyekubariki. Dawa ninayoipenda ni kuifanya isiwezekane peke yako. Udongo uwe kitu cha kushika mkononi, na ufanye kazi pale tu mchezaji mmoja anapomgusa mchezaji mwingine nao. Anayecheza peke yake na abaki bila baraka. Hata nyumbani ni hivyo, hakuna anayejiwekea mkono kichwani.

*Vifaa na umeme.* Hapa ndipo penye maumivu. Unahitaji kompyuta au simu yenye betri nzuri, na ratiba inayofuata umeme. Lakini marafiki wanaweza kuingia katika kijiji kimoja kwa waifai ya simu ya mmoja wao, bila kutumia hata megabaiti moja ya kununua. Nakili folda ya ulimwengu wako kwenye flashi mara kwa mara. Kompyuta za kukopeshana haziwekewi dhamana.

*Kazi.* Inagawanyika vizuri. Mmoja anajenga vichuguu, mwingine anapanda miti, wa tatu, yule asiyependa kujenga, anaandika Lua. Ndiyo njia pekee kati ya hizi tatu ambayo watoto wa miaka tofauti wanaweza kufanya pamoja bila kugombania brashi. Ila uso hauna. Machozi ya mama mzee hayajengeki kwa bloku za mita moja.

Kusimulia mezani

Mchezo unaojulikana zaidi ni Dungeons & Dragons, uliotoka Marekani mwaka 1974, na waelfi wamo tangu mwanzo. Mtu mmoja anasimulia, wengine kila mmoja anacheza mhusika wake, na dadu inaamua yale ambayo hayana uhakika.

*Mgeni.* Wachezaji wenyewe ndio wageni. Ile habari ya Uswidi hapa huichori wala huijengi, unaicheza. Wanafika kijijini usiku, wamechoka, mmoja ana jeraha. Wanabisha. Sauti ndani inasema leo hapaingiliki. Sasa? Kuna atakayeomba kwa heshima, kuna atakayetaka kupanda ukuta, na kuna atakayelala nje akisikiliza nyimbo. Hakuna chombo kingine kinachompa mgeni nafasi ya kuonyesha ana adabu kiasi gani.

*Baraka.* Kanuni ipo tayari. Katika toleo la 5, tamko la kubariki linagusa hadi watu watatu; kwa muda usiozidi dakika moja, kila anapotupa dadu ya pande 20 kushambulia au kujiokoa, anaongeza dadu ya pande 4. Wastani wa dadu hiyo ndogo ni 2.5, na kila pointi kwenye dadu ya pande 20 ni asilimia 5, kwa hiyo baraka inakusogeza mbele kama asilimia 12 na nusu. Si ndogo. Mara nyingi ndiyo inayotenganisha aliyeanguka na aliyesimama.

Shida ni ile dakika. Tambiko la usiku mzima haliwezi kuisha kabla msichana hajavuka uwanja. Ningebadilisha hivi: mchezaji aliyebarikiwa anapewa ile dadu ndogo mkononi, ikae naye mezani, aitumie mara moja tu, siku yoyote kabla mhusika wake hajarudi kijijini. Utaona watu wanavyoitunza. Wengine hukataa kuitumia hata wakiwa taabani, na mabishano yanayotokea hapo ni matamu kuliko vita vyenyewe.

Lakini kilichonifanya niipende meza ni maneno. Msimulizi hawezi kusema tu "mzee anakubariki, ongeza dadu". Lazima abariki kwa kinywa. Na mtu aliyekulia katika mji huu ameshasikia wakubwa wakibariki: bibi arusi anapotoka nyumbani, mtoto anapoenda kusoma mbali, ukoo unapotajwa jina kwa jina. Mpe mama mzee wa waelfi pumzi ile. Ataje waliotangulia mmoja mmoja, anyamaze, kisha amalize kwa "Enda muzuri" tu. Mezani patakuwa kimya. Kifaransa cha kitabu cha kanuni hakitakupa hilo.

*Vifaa na umeme.* Karibu hakuna. Mshumaa mmoja unatosha, tena unasaidia hali ya usiku. Kama dadu hazipatikani, andika namba 1 hadi 20 kwenye vipande vya karatasi, vitie kikombeni, vuta kimoja na ukirudishe. Fanya vivyo hivyo kwa 1 hadi 4. Kanuni za msingi zilitolewa Januari 2023 kwa leseni huria ya Creative Commons, na kuna toleo lake la Kifaransa. Maana yake una ruhusa ya kuzitafsiri kwa Kiswahili, kuzichapa, hata kuziuza, mradi utaje zilikotoka.

*Kazi.* Kutayarisha jioni moja si kazi nzito. Kazi nzito ni kuwakusanya watu walewale tena na tena. Na jambo jingine ambalo halisemwi: wazazi wengine wakisikia "tambiko" na "uchawi" watauliza maswali, na wana haki. Chezeni sebuleni, si chumbani na mlango umefungwa. Baba akikaa kusikiliza nusu saa, mara nyingi ataanza kutoa ushauri.

Ubaya wa meza ni kwamba haiachi kitu. Kesho yake hakuna cha kumwonyesha mtu isipokuwa daftari lenye alama za nta ya mshumaa.

Kwa hali yako

Unafanya kazi peke yako, usiku una utulivu lakini umeme hauna uhakika: chora, mchana upake rangi, usiku ufanye mazoezi ya mikono kwa penseli. Unatafuta kazi ya kuonyesha, labda unataka kuingia shule ya sanaa: chora pia, na uchore tukio lilelile kutoka sehemu mbili za kusimama, ya nje na ya msichana. Anayekagua ataona unajua kuchagua.

Una wadogo zako nyumbani wanaogombania simu, au unaongoza klabu ya vijana yenye kompyuta chache: jengeni kwa bloku. Hata asiyejua kuchora mstari ulionyooka atapata kazi. Ukiwa na kijana mmoja anayetaka kujifunza kuandika msimbo, mpe ule udongo wa kubariki kama somo lake la kwanza la Lua. Ni dogo kiasi cha kumalizika na gumu kiasi cha kumfundisha.

Mko marafiki wanne au watano, mna jioni moja kwa juma, na mnapenda kubishana: mezani. Kama kati yenu yupo mtu mwenye kipaji cha kusimulia ambaye hajawahi kupewa nafasi, yeye ndiye msimulizi, hata kama hajasoma kanuni zote. Mwingine atazisoma.

Kama hujui kijiji chako kikoje bado, usianze na bloku. Utajenga kuta kabla hujajua nani anaishi ndani. Kaa mezani usiku mmoja, au chora vibaya kwenye daftari, kwanza.

Na kama mko wengi na vipaji vyenu ni tofauti, mnaweza kupanga zamu: meza itangulie, mchoraji akae pembeni na daftari akichora anayoyasikia, kisha wajenzi wafuate mchoro wake. Mkubaliane mapema jambo moja tu, nalo ni nani mwenye neno la mwisho kuhusu mlango wa uwanja, kama unafungwa au haufungwi. Hapo ndipo watu watatu wenye kijiji kimoja hukosana.